Mguu wa Afande Drani

Mimi si mtu wa kunyamaza, na mstari mzima unalijua hilo. Cherehani yangu iko barazani mbele ya mlango, na anayeingia au kutoka lazima anipite. Kwa hiyo habari za Afande Drani zisikieni kwangu, msizisikie kwa wale wanaomsimulia kama shujaa. Wao walipiga makofi. Mimi sikupiga.

Mstari wetu ni nyumba za kupanga nyuma ya kambi, hapa Kasese. Humo wanakaa polisi, wanajeshi waliostaafu na familia zao, na watu wa kiwanda cha saruji kama mume wangu Obita. Kila mtu na kwao. Mimi nimezaliwa Busia upande wa Kenya. Acan, mke wa Drani, ni wa Gulu, na Drani mwenyewe ni wa Arua. Kinachotukutanisha ni Kiswahili, kila mmoja na hicho alichookota njiani. Cha Drani alikiokota jeshini, kifupi, kikali, hakina tafadhali.

Alikuwa sajenti. Alipostaafu, wenye maghala ya kakao kule Bwera wakamchukua awafundishie walinzi wao. Asubuhi alidandia lori la kwanza la kwenda mpakani, akapita Kikorongo, jioni akarudi. Siku moja nilikwenda Bwera sokoni kutafuta vitenge, nikamkuta uwanjani na vijana wake. "Mbele, tembea! Nyuma, geuka! Wewe, inua mguu, hiyo si jembe!" Vijana waliokuwa wakijiburuta kama wametoka kulala wakanyooka. Na yeye mbele yao, buti zinang'aa, kisigino kinapiga chini mpaka unakisikia kifuani. Jamani, mtu yule alijua kutembea. Nilisimama na mzigo kichwani nikimtazama, na haya nayasema mbele ya Obita, hana neno.

Ila hakuanza jambo lolote bila sigara. Chai haikunyweka mpaka awashe. Buti halikuvalika mpaka awashe. Aliwahi kupigiwa simu ya msiba wa shangazi yake akiwa kwenye benchi langu. Akasema, "Ngoja," akakata, akatafuta kiberiti, akavuta mara mbili, ndipo akapiga tena asikilize nani amekufa. Nikamwambia, "Afande, hata maiti inasubiri sigara yako?"

"Mama Emma," akasema, "hii ndio inawasha mimi. Bila hii, Drani iko hapa lakini hakuna mutu ndani."

Tulicheka wote wawili, na yeye akacheka mpaka akakohoa.

Kikaanza kidole. Kidole kidogo cha mguu wa kushoto. Alisema buti linambana, nikamshonea kipande cha kitambaa laini akiweke ndani. Halafu akasema mguu unapata baridi, jua la Kasese lote hili, na yeye anatafuta soksi ya pili. Nikamwona anatembea kidogo, anasimama, anajifanya anatazama milima, kumbe anasubiri maumivu ya shavu la mguu yapite. Acan akamvua soksi kwa nguvu siku moja, akapiga ukelele niliousikia nikiwa kwenye cherehani. Kidole kilikuwa na rangi ya bilinganya, na pembeni ya ukucha kuna kidonda kisichotoa hata damu.

Tulikwenda hospitali watatu, kwa sababu Acan alisema Drani akiingia peke yake atatoka na maneno anayoyataka yeye. Daktari alikuwa msichana anayeitwa Nabasa, mpole wa sauti tu, si wa maneno. Aliugusa mguu juu, akaugusa chini, akatafuta mapigo ya damu kwenye kifundo, akatafuta tena.

"Mzee, unavuta?"

"Kidogo."

"Kidogo!" nikasema mimi. Acan akanikanyaga.

Nabasa akaweka kalamu chini. Akasema kuna ugonjwa ambao tumbaku inaifunga mishipa ya damu, inaanza na ile midogo ya vidole, inapanda. Hauna sindano wala kidonge cha kuumaliza. Dawa ni moja, kuacha. "Ukiacha kabisa, mguu huu una nafasi nzuri ya kubaki wako. Ukipunguza tu, tutaukata. Na tumbaku ni tumbaku, mzee. Ya kuvuta, ya kunusa, ya kuweka mdomoni. Mishipa haijui tofauti."

Drani akaitika, "Ndio, daktari," kijeshi, kidevu juu. Nje ya lango akatoa pakiti mfukoni, akaivunjavunja mkononi, akaitupa mtaroni. Acan akalia. Na mimi nikamshika mkono.

Basi akaacha, na msione kuwa ni maneno tu, sigara aliacha kweli. Siku za kwanza alikuwa mkali, akamfokea Acan kwa chumvi, akanifokea mimi kwa kelele za cherehani. Hayo tuliyategemea. Ambacho hatukukitegemea ni kile kilichofuata ukali. Alizimika. Alikaa kwenye benchi langu tangu asubuhi, mikono mapajani, hatazami mtu. Vijana wa Bwera walisimama juani wakimngoja mpaka wakaondoka. Nilimpa uji ukapoa mikononi mwake. Obita alimwekea redio ya mpira, timu yake ikafunga, hakugeuza shingo.

Nikamuuliza, "Afande, unaumwa wapi?"

"Hakuna mahali."

"Sasa nini?"

Alifikiri sana, maskini. Akasema, "Mama Emma, hakuna kitu inaniita. Zamani chai ilikuwa inaniita, kazi ilikuwa inaniita, hata Acan. Sasa vitu vyote vimekaa tu huko."

Nilisikia woga, nasema kweli. Nimeona walevi, nimeona waliopigwa na vita, lakini mtu aliyeketi mbele yangu akiwa mzima na hataki kitu chochote duniani, huyo sikuwahi kumwona. Acan akampigia Nabasa simu. Daktari akasema ndivyo inavyokuwa kwa wengi. Kichwa kimezoea miaka mingi kusukumwa na tumbaku, kimesahau kujisukuma chenyewe. Kitakumbuka, ila si kesho wala kesho kutwa. "Mvumilieni. Mguu umesimama, hauendelei. Huo ndio ushindi, hata kama hauonekani kama ushindi."

Na kweli kidonda kilianza kuonyesha wekundu pembeni. Acan alinionyesha, tukakumbatiana jikoni kwake. Lakini akaniambia jambo sikulitilia maanani siku ile. Akasema, "Mama Emma, mguu unapona, mume amekufa. Nazungumza na ukuta."

Sasa niwaeleze desturi ya hawa watu wa Drani. Familia za West Nile, upande wa Arua, hapa kwenye mstari na kambini zina umoja wao. Yeyote akienda likizo nyumbani hurudi na tumbaku ya majani, imesokotwa kama kamba, inanuka moshi na samli. Haigawiwi hivi hivi. Mkubwa wao huonja kwanza. Akishakata kipande, akakisaga kiganjani na kukiweka ndani ya mdomo wa chini, akisema "iko sawa", ndipo wengine wanapata. Asipoonja, mzigo unalala, hakuna wa kuugusa, na aliyeuleta anajiona amekataliwa na kwao. Mkubwa wao ni nani? Drani.

Badiru, polisi wa mlango wa tatu kutoka kwangu, alirudi kutoka likizo wiki zile. Nilimwona akiingia kwa Drani na mfuko wa nailoni. Sikufikiria kitu. Mimi nilikuwa nalinda sigara! Nilikuwa nanusa pumzi ya mtu kama mbwa wa polisi kila anaponipita, natafuta moshi. Moshi haukuwepo.

Baada ya siku chache Drani akaamka. Wacha we! Alitoka mlangoni anapiga mluzi. Akaniamkia, akanitania kuhusu kitambaa nilichokata upande, akadandia lori la Bwera. Jioni Acan alikuja amebeba kuku miguu juu kichwa chini, anacheka hata meno ya nyuma yanaonekana. "Ameniita jina langu! Ameuliza nimekula nini!" Kanisani wakatoa shukrani, Drani akasimama mbele, akasema Mungu amemtoa kifungoni, watu wakapiga vigelegele. Mimi nilipiga pia, lakini moyo haukukaa vizuri. Daktari alisema si kesho wala kesho kutwa, na hii ilikuwa kesho kutwa. Halafu alikuwa anatema mate sana. Na ule mguu aliuburuta kidogo alipokuwa anarudi kukaa.

Akaniletea shati la kazi nimshonee mfuko wa kifuani uliofumuka. Fundi yeyote anajua, mfuko hauushoni kabla hujaugeuza ndani nje, kwa sababu sindano ikikuta sarafu imevunjika. Nikaugeuza. Kwenye pindo kukamwagika unga wa kahawia, mwingi, na harufu ikapanda mpaka nikapiga chafya. Moshi na samli.

Damu ilinichemka. Sikungoja aje, nikamfuata. Nikamkuta barazani kwake anapaka rangi buti alizozivaa.

"Hii nini?"

Akatazama shati, akatazama mkono wangu. Hakushtuka hata kidogo. "Hiyo ya nyumbani."

"Daktari alisema tumbaku ya aina yoyote! Nilikuwepo! Masikio haya yalisikia!"

"Mama Emma, wewe hujui. Sigara ni kitu ya kiwanda, ya duka, hiyo nimeacha. Hii si sigara. Hii mama yangu aliweka kwa kitovu yangu nilipozaliwa. Wazee wetu wamekula hii mpaka wamezeeka, wote na miguu yao. Kama sionji, Badiru atapeleka wapi? Mimi ndio mkubwa."

"Basi onja, uteme! Mfuko mzima ni kuonja?"

Akaiweka brashi chini. Halafu akasema taratibu, na mpaka leo sauti ile sijaisahau, "Siku ile nilionja tu. Nikasikia taa imewaka ndani. Mimi kurudi huko kwa giza, hapana."

Nikamwambia atoe buti nione. Akakataa. Nikainama mwenyewe, nikamvua, mke wa mtu nimemvua mwanamume asiye wangu buti barazani, acha waseme. Vidole viwili sasa. Kile cha kwanza kilikuwa cheusi kabisa, kimekauka kama kipande cha mkaa, na wekundu ule wa pembeni tuliokumbatiana kwa ajili yake haukuwepo tena.

Nikaenda mbio kwa Acan kumwambia. Alikuwa anachambua maharagwe. Hakuinua kichwa.

"Najua," akasema.

"Unajua nini?"

"Najua. Mimi ndiye ninayemsagia."

Niliketi chini. Acan akaendelea kuchambua, machozi yanadondoka kwenye maharagwe, na anasema bila kupandisha sauti: "Wewe jioni ulikuwa unaingia ndani kwako kwa Obita. Mimi nilikuwa naingia ndani kwa kitu kimekaa kwenye kiti. Nilimwita, hakugeuka. Nililia mbele yake, akanitazama kama mvua inanyesha mahali pengine. Badiru alipoleta ile, nilijiambia si sigara, ni ya nyumbani kwao. Nilijua ninajidanganya. Lakini aliniita jina, Mama Emma. Ungekuwa wewe?"

Nilimpa vidonge vyake. Nilisema mambo mabaya, nikamwambia anamla mumewe akiwa hai. Sijui kama ningefanya tofauti, lakini hasira ile naisimamia, kwa sababu mguu ulikuwa pale chini, unaonekana, na watu wawili wazima walikuwa wanautazama ukifa kwa sababu jioni zao zimechangamka.

Tulimbeba siku hiyo hiyo. Nabasa hakutugombeza, nafikiri angetugombeza ingekuwa nafuu. Akasema kidole hakipo tena, cha kuzungumzia sasa ni kifundo. Wakampeleka hospitali kubwa zaidi. Huko wakamkata chini ya goti.

Alirudi kwenye mstari amekonda, suruali imekunjwa na kubanwa kwa pini. Nabasa alikuwa ameongea naye kabla hajatoka, na safari hii aliongea na Acan pia, mlango umefungwa. Mguu wa kulia ulikuwa bado una mapigo, dhaifu lakini yapo. Huo ndio uliobaki. Akigusa tena tumbaku, utafuata wa kwanza, na baada ya miguu ni vidole vya mikono. Acan aliapa kwa kaburi la mama yake, akakichukua kinu chake kile cha kusagia akakitia motoni mbele yangu. Drani aliapa kwa huo mguu uliobaki. Niliwaamini. Mtu aliyelipa bei ile, utaachaje kumwamini?

Giza lake likarudi. Safari hii lilikuwa zito zaidi, maana mguu haupo. Walimpa magongo mazuri ya mbao, yakasimama nyuma ya mlango bila kuguswa. Mwalimu wa mazoezi alikuja, akaondoka. Vijana wa Bwera walikuja na kakao na ndizi, wakamwambia maghala yanamtaka, atafundisha akiwa ameketi kitini. Akasema, "Asante," akageukia ukuta. Acan alimwogesha, alimlisha, alimwinua kumpeleka nje kama mtoto. Nilikuwa nampitia kila asubuhi, nikamsengenyea watu wote wa mstari ili apate hata kutabasamu. Hakuna. "Inuka japo mpaka mlangoni, Afande," nikamwambia. "Kwa nini?" akaniuliza, si kwa ubishi, alikuwa anataka kweli kujua.

Jumapili moja baada ya ibada, watu wa umoja wao wakaja kumpa pole. Walijaa mle chumbani mpaka barazani, Badiru mbele, amevaa kanzu safi. Waliimba, wakasema maneno ya kwao, wengine wakalia. Halafu Badiru akapiga goti kando ya kitanda, akafungua gazeti, akaweka mapajani mwa Drani kamba mpya ya tumbaku, nene, nyeusi. Hakuwa na ubaya moyoni. Ndivyo walivyofundishwa, mkubwa akipatwa, mnamletea ya nyumbani, na hakuna atakayegusa kabla yake. Acan alikuwa jikoni anapakua chai. Mimi nilikuwa mlangoni.

Nikaingia. Nilikanyaga miguu ya watu. Nikaichukua ile kamba mapajani mwake, nikaiviringisha kwenye kanga yangu, nikasema, "Nyinyi mmekuja kumzika? Semeni tu, tuchimbe!" Mzee mmoja akaniita mwanamke asiye na adabu. Sawa, sina. Nikatoka nayo, nikashika njia ya chooni mwisho wa mstari, nia yangu nikaitumbukize shimoni nimalize.

Nikasikia kishindo nyuma yangu. Ubao kwenye saruji. Halafu kingine.

Nikageuka. Drani alikuwa mlangoni. Amesimama. Magongo yako kwapani, jasho linamtiririka, mguu mmoja unatetemeka chini yake, na anakuja. Hakuna aliyemwinua. Alipepesuka barazani, akajishika kwenye cherehani yangu, akajisukuma, akaja. Na macho yake! Macho yaliyokuwa yamekufa wiki baada ya wiki yalikuwa yamewaka, yamenishika, hayapepesi.

Mstari mzima ukalipuka. "Afande ametembea! Afande ametembea!" Wanawake wakapiga vigelegele, vijana wakapiga makofi kumhesabia hatua, Obita wangu mwenyewe akapiga mluzi. Wale wazee wakainua mikono kumshukuru Mungu. Acan akatoka jikoni na birika mkononi, akaona, akaliacha likaanguka, akakimbia kumkumbatia huku analia na kucheka.

Mimi nilisimama mlangoni pa choo, kanga nimeibana kifuani. Hakuwa anaenda kwa Mungu wala kwa mkewe. Nikaifungua kanga, nikaitupa ile kamba shimoni, nikaisikia ikifika chini. Drani alifika, akachungulia shimo, akahema. Hakunikasirikia. Akageuka kwa shida, akamtafuta Badiru kwenye watu.

"Ingine iko?"

"Iko, mkubwa! Iko kwangu!" Badiru akajibu, na kwa furaha ya kumwona mkubwa wao amesimama, akakimbia na kanzu yake kwenda kuileta.

Acan hakuwa amesikia. Alikuwa amepiga magoti vumbini, kandambili ya Drani ilikuwa imemtoka njiani na yeye anamvisha. Akaushika ule mguu uliobaki kwa mikono miwili. Kicheko kikamkauka. Akaupapasa vidole, kimoja kimoja, akaninyanyulia uso.

"Mama Emma," akasema, "njoo ushike. Mbona uko baridi?"